Kukazia Hukumu ya Kiwanja cha Chama

Natumaini kila mmoja wenu ana kalamu ya risasi na daftari. Mwalimu wa darasa, tafadhali hakikisha kwamba waliokaa nyuma wanaisikia redio vizuri. Leo tutakwenda polepole, maana maneno ya somo letu ni maneno ya mahakamani, na maneno ya mahakamani yana tabia ya kumpita mtu kama gari la moshi lisilosimama kituoni kwake.

Somo letu ni hili. Mtu alikuwa na ugomvi wa kiwanja katika chama chake cha ushirika wa nyumba. Akashitaki. Akashinda. Hukumu anayo, na ina muhuri. Lakini kiwanja hana. Afanye nini? Mambo haya nitayaeleza kwa kufuata sheria za Tanzania Bara. Wenzetu wa Zanzibar na wa nchi za jirani wana sheria zao, ingawa mengi yanafanana.

Kwanza tujifunze maneno manne. Yaandikeni daftarini, moja katika kila mstari.

Neno la kwanza ni hukumu. Hukumu ni maelezo ya hakimu: nani alisema nini, ushahidi gani ameuamini, na kwa nini ameuamini. Huenda ikawa kurasa ishirini. Neno la pili ni tuzo. Hapa tuzo si kikombe cha mpira, wala si zawadi ya mwanafunzi hodari. Tuzo ya mahakama ni karatasi fupi inayotolewa katika hukumu, nayo imebeba amri tu: fulani afanye hili, fulani asifanye lile, fulani alipe kiasi hiki. Neno la tatu ni kukazia hukumu. Kukazia ni kuifanya amri ile itendeke, kama vile mtu anavyokaza fundo ili mzigo usianguke njiani. Neno la nne ni dalali wa mahakama. Huyu si yule dalali anayekutafutia chumba cha kupanga. Ni mtu aliyeruhusiwa kwa sheria kutekeleza amri za mahakama: kukamata mali, kuiuza kwa mnada, kumtoa mtu katika ardhi na kumkabidhi aliyeshinda.

Sikieni vizuri jambo hili: kinachokaziwa ni tuzo. Dalali hasomi zile kurasa ishirini za hukumu. Anasoma amri.

Shida hii si ya jana. Sheria yetu ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ilitungwa mwaka 1966, lakini asili yake ni sheria ya India ya mwaka 1908, ambayo Waingereza waliileta Tanganyika walipoitawala. Na kuhusu India hiyohiyo, mwaka 1872, majaji wa Privy Council huko London walikwisha kusema kwamba taabu za mwenye shauri huanza pale anapopata tuzo. Kwa hiyo wewe uliyeshinda mwaka juzi na mpaka leo unazunguka, jua kwamba walikutangulia wengi.

Haya, tuchukue mfano wa kubuni. Mwanachama wetu tumwite Bibi Fulani, na chama chake tukiite Chama. Wanachama walichanga fedha. Chama kikapata shamba pembezoni mwa mji, kikaita wapima, viwanja vikakatwa, kamati ikagawa. Bibi Fulani akapewa kiwanja namba 27, kitalu C. Alilipa kidogokidogo, mwezi hata mwezi, kwa fedha ya maandazi na ya mshahara wa mumewe, mpaka akamaliza. Akapewa stakabadhi zake na barua ya ugawaji. Siku moja akaenda na fundi kupima msingi. Wakakuta msingi wa mtu mwingine umekwisha kujengwa, na mchanga umemwagwa. Yule mtu naye alikuwa na barua, yenye muhuri uleule wa Chama, ila saini ilikuwa ya mwenyekiti mpya.

Hapa pana jambo ambalo wengi hawalielewi. Barua ya ugawaji si hati. Sheria ya Ardhi ya mwaka 1999 inasema kwamba ardhi yote ya Tanzania ni ya umma, na Rais ndiye mdhamini wake kwa niaba ya wananchi. Mtu hupewa haki ya kuimiliki kwa muda, usiozidi miaka 99, na Kamishna wa Ardhi ndiye anayetoa cheti cha haki hiyo. Katika vyama vya nyumba mara nyingi eneo huwa katika jina la Chama kwanza, ndipo baadaye kila mwanachama ahamishiwe kiwanja chake. Maana yake ni kwamba kati ya Bibi Fulani na hati yake zimesimama saini mbili au tatu za viongozi. Saini hizo zisipotiwa, hata akijenga nyumba ya ghorofa, jina litakalosomeka katika rejesta si lake. Ndiyo maana ugomvi wa kiwanja cha chama huwa na vichwa viwili: kuna mtu aliyekaa juu ya ardhi, na kuna kamati iliyokalia karatasi. Amri ya mahakama ikimwondoa mmoja tu, kazi imefanyika nusu.

Sasa aende wapi? Wengi hukimbilia mahakamani. Ngojeni kidogo. Ugomvi wa mwanachama na chama chake kuhusu shughuli za chama una njia yake. Chini ya Sheria ya Vyama vya Ushirika ya mwaka 2013, na kanuni zake za mwaka 2015, watu huanza kwa mazungumzo. Yakishindikana, shauri hupelekwa kwa Mrajis wa Vyama vya Ushirika, naye huamua mwenyewe au huteua mtu wa kulisikiliza. Asiyeridhika hukata rufaa kwa Waziri. Mahakama Kuu imekwisha kuyatupa mashauri ya watu walioruka ngazi hiyo.

Na ikiwa ugomvi ni wa umiliki wa ardhi kati yako na mtu aliyevamia, kuna Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, lililowekwa na sheria ya mwaka 2002, na juu yake Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani. Baraza la Kata tangu mwaka 2021 halitoi hukumu tena za ardhi. Kazi yake ni kusuluhisha, na likishindwa hutoa cheti cha kwamba usuluhishi umeshindikana, ndipo mtu aende wilayani.

Huenda mkaniuliza, mbona unatusimulia habari za milango ya kuingilia na somo ni la kukazia? Nawaambia kwa sababu hii. Hoja ya kwamba baraza halikuwa na mamlaka haizeeki. Mdaiwa aweza kunyamaza miaka mitatu, ashindwe, kisha aitoe hoja hiyo mbele ya jaji wa rufaa. Ikikubaliwa, tuzo yote huanguka, na Bibi Fulani hurudi mwanzo. Kabla ya kufungua shauri, muulize Afisa Ushirika wa wilaya, au wakili, au watoaji wa msaada wa sheria: ugomvi wangu mimi ni wa mlango upi? Jibu liandikwe.

Na tahadhari nyingine. Kama halmashauri au Kamishna wa Ardhi anahusika katika ugomvi, mathalani hati imekwisha kutolewa kwa jina la yule mtu wa pili, basi hatua ni ndefu zaidi. Lazima kutoa notisi ya siku 90, na tangu mwaka 2020 lazima Mwanasheria Mkuu wa Serikali aunganishwe katika shauri, hata kama unayemshitaki ni halmashauri. Asipounganishwa, shauri zima laweza kufutwa. Tena mali ya Serikali haikamatwi na dalali, na mahakama haitoi amri ya zuio dhidi ya Serikali. Hutoa tamko la haki, na deni la fedha hulipwa kwa utaratibu wake. Kwa hiyo anayetegemea kwenda na dalali katika ofisi ya ardhi kukamata viti na meza, asahau.

Sasa twende kwenye kiini cha somo. Mwalimu, tafadhali mteue mwanafunzi mmoja asome kwa sauti amri hii ya kwanza:

"Mdai ndiye mwenye haki katika kiwanja kinachobishaniwa. Mdaiwa amrudishie mdai haki yake."

Ahsante. Amri hii yapendeza masikioni. Ukiisikia siku ya hukumu utapiga vigelegele. Lakini mpe dalali aitekeleze, naye atakuuliza: kiwanja gani? Kiko wapi? Kina ukubwa gani? Wadaiwa walikuwa wawili, ni yupi anayerudisha? Haki ni kitu gani, niibebe kwa mikono? Afanye lini? Hakuna siku iliyotajwa. Dalali hana mahali pa kushika.

Sasa mwanafunzi mwingine asome amri ya pili. Asome polepole, sentensi moja moja:

"Chama, mdaiwa wa kwanza, kimkabidhi mdai kiwanja namba 27, kitalu C, chenye ukubwa wa mita za mraba 600, kama kinavyoonekana katika ramani ya upimaji iliyopokelewa kuwa kielelezo cha 2. Mdaiwa wa pili aondoke katika kiwanja hicho na auondoe msingi wake katika siku 60. Mwenyekiti na katibu wa Chama watie saini nyaraka za kuhamisha kiwanja katika siku 30, na wasipotia saini, mahakama itie saini kwa niaba ya Chama. Chama kikishindwa kukabidhi kiwanja hicho, kimpe mdai kiwanja kingine cha ukubwa na thamani ileile katika mradi uleule, au kimlipe thamani yake kwa bei ya siku ya malipo, kama itakavyopimwa na mthamini aliyesajiliwa."

Mnaona tofauti? Hii ya pili ni ndefu na haina utamu wowote. Lakini ina namba, ina ukubwa, ina ramani, ina siku, na kila kazi ina mtu wake. Tena imejibu swali la kesho: ikiwa kiwanja hakipatikani, kitafuata nini? Mahakama yenyewe inaweza kuona kama imetii au haikutii, bila kubishana.

Na hapa ndipo penye jambo ambalo ningependa lishike mioyoni mwenu kuliko yote ya leo. Mahakama inayokazia hukumu haiwezi kuibadili. Haiongezi, haipunguzi. Ikiwa namba 27 iliandikwa 72 kwa kosa la mwandishi, hilo laweza kusahihishwa kwa maombi mafupi. Lakini ikiwa hukuomba Chama kitie saini, na amri haikusema Chama kitie saini, huwezi kulidai hilo siku ya kukazia. Na hakimu kwa kawaida hutoa yale yaliyoombwa. Kwa hiyo kazi ya kukazia hukumu huanza siku ile unapoandika madai yako, kabla hata hujapewa namba ya shauri. Anayekuandikia karatasi, awe wakili au mwandishi wa barazani, mwambie akusomee ile sehemu ya mwisho inayosema "mdai anaomba". Isome na wewe kwa kidole. Kama haina namba ya kiwanja, mrudishie.

Wakati shauri linaendelea, yule wa pili hatalala. Ataharakisha ukuta, apandishe boma, maana anajua kwamba nyumba iliyosimama humfanya kila mtu aone huruma. Omba zuio la muda. Lakini zuio lina umri. Kwa sheria yetu ya mwenendo, mahakama hulipa muda usiozidi miezi sita, na likiongezwa, jumla yake haizidi mwaka mmoja. Watu hupata zuio, hulikunja, hulitia sandukuni, na mwezi wa saba tofali zinapanda tena bila kosa lolote la kisheria. Tia alama katika kalenda yako. Zuio likiwa hai na mtu akalivunja, mahakama yaweza kukamata mali yake au kumweka kifungo cha madai. Na kama ardhi imesajiliwa, waweza pia kupeleka pingamizi kwa Msajili wa Hati, ili kiwanja kisihamishwe kimyakimya kwa mtu wa tatu ukiwa ungali barazani.

Haya, sasa Bibi Fulani ameshinda. Kitu cha kwanza ni kuomba nakala ya hukumu na nakala ya tuzo, zote mbili, na kuzisoma kabla ya kuondoka. Namba zimeandikwa sawa? Majina ni yaleyale? Jina la Chama ni lile lililosajiliwa, au limefupishwa? Kisha ajue kwamba muda wa kukazia ni miaka 12. Ni mingi, lakini isimdanganye. Ukikaa zaidi ya mwaka mmoja bila kuomba, mahakama kwanza humwita aliyeshindwa aje aeleze kwa nini amri isitekelezwe, na hapo umempa nafasi nyingine ya kuzungusha maneno. Viongozi hubadilika, mafaili hupotea, wanaoijua mipaka huhama au hufariki.

Maombi ya kukazia ni karatasi isiyotisha. Huandikwa namba ya shauri, majina ya wahusika, tarehe ya tuzo, kama kuna rufaa au hakuna, kama kuna kilicholipwa tayari, na msaada gani unautaka kwa mahakama. Sehemu hiyo ya mwisho ndiyo muhimu, kwa sababu misaada ni mingi, nawe sharti useme ni upi.

Kama unataka ardhi yenyewe, unaomba kukabidhiwa. Dalali huenda, humtoa aliyemo, hukukabidhi. Ni vema mpima awepo, alama za mipaka zionekane, na makabidhiano yaandikwe na kutiwa saini mbele ya mwenyekiti wa mtaa. Dalali akiona dalili za fujo huiomba mahakama iagize polisi waje kulinda amani. Gharama zake zina utaratibu. Usimpe fedha bila stakabadhi.

Kama unataka saini, na viongozi wamegoma kuitia, sheria haikuachi. Nyaraka ya uhamisho huandikwa, huletwa mahakamani, mwenye kugoma hupewa nafasi ya kuisema kasoro yake, na akiendelea kugoma, ofisa wa mahakama huitia saini. Saini hiyo ni sawasawa na ya yule mgomaji. Kwa maoni yangu hii ndiyo silaha bora kuliko zote katika migogoro ya vyama, na ndiyo inayotumika kidogo. Watu hutumia miaka wakimbembeleza mwenyekiti, ilhali kalamu nyingine ipo.

Kama unataka kukishurutisha Chama, waweza kuomba mali yake ikamatwe, hata akaunti yake ya benki. Tena kwa ruhusa ya mahakama viongozi wenyewe waweza kuwekwa kifungo cha madai kwa kuzuia amri isitendeke. Hapa nitawachekesha kidogo: anayeomba mwenzake afungwe kwa madai ndiye anayelipa posho ya chakula chake gerezani. Ndiyo, Bibi Fulani atamlisha mwenyekiti! Lakini nisiwachekeshe nikawapotosha. Kukamata mali ya Chama ni jambo la kufikiri mara mbili, kwa kuwa mali hiyo ni jasho la wanachama wenzako ambao hawakukudhulumu. Fedha iliyomo benki huenda ndiyo ya kulipia upimaji wa viwanja vyao. Mimi ningeanza na saini, kisha makabidhiano, na mali ya Chama ningeiacha iwe ya mwisho.

Viongozi wapya hupenda kusema: "Hukumu hiyo ni ya kamati ya zamani, sisi haituhusu." Maneno hayo hayana uzito. Chama kilichosajiliwa ni mtu mbele ya sheria. Kamati huja na kwenda, Chama kinabaki, na deni lake linabaki nacho. Mkiwa ninyi ndio wajumbe wa kamati mpya, siku ya makabidhiano ya ofisi ulizeni: kuna tuzo ngapi za mahakama dhidi yetu? Zipo katika faili gani?

Vizuizi havikosi. Kizuizi cha kwanza ni rufaa. Aliyeshindwa hupita mtaani akitangaza kwamba amekata rufaa, hivyo hakuna kugusa kitu. Si kweli. Rufaa peke yake haisimamishi utekelezaji. Sharti aombe na apewe amri ya kusimamisha, aonyeshe kwamba atapata hasara kubwa, na atoe dhamana. Mwambie: nionyeshe amri hiyo. Kama anayo, tii. Kama hana, endelea.

Kizuizi cha pili ni mtu wa tatu. Siku dalali anafika, anatoka mtu ndani ya nyumba na kusema, "Mimi sikuwahi kushitakiwa, nilinunua kabla ya shauri lenu." Huyo ana haki ya kupeleka pingamizi, na mahakama itamsikiliza, maana amri haimfungi mtu ambaye hakuwemo katika shauri. Lakini aliyenunua kwa mdaiwa wakati shauri likiwa linaendelea hapati kinga hiyo. Kwa hiyo kabla ya kushitaki, nenda kiwanjani, uliza nani amekaa pale, nani amemuuzia nani, na wote waingize katika shauri. Hili ni jambo la miguu na macho, halihitaji elimu ya sheria.

Kizuizi cha tatu huja na tabasamu. Viongozi wanamwita Bibi Fulani ofisini, wanampa soda, wanamwambia: "Mama, tusisumbuane, tutakupa kiwanja kingine kule chini, namba 61, hiki kiache." Huenda ni neno jema. Kama juu ya namba 27 imekwisha simama nyumba yenye watoto ndani, kiwanja kingine kizuri na kikavu chaweza kuwa bora kuliko miaka mitano ya kusukumana. Akakione kwanza, hasa wakati wa masika, ajue kama maji hayasimami. Lakini asikubali kwa mdomo, wala kwa karatasi ya kamati peke yake. Makubaliano ya kumaliza tuzo nje ya mahakama sharti yapelekwe mahakamani yakaandikishwe. Yasipoandikishwa, mahakama inayokazia haiyatambui. Atakuwa ameachia namba 27, na namba 61 ikikosekana hana pa kuishika. Nasikitika kusema kwamba hapa ndipo wasiosoma wanapoumizwa, kwa kutia dole gumba katika karatasi ya "nimeridhika" kabla kiwanja hakijaonekana.

Na jambo moja la kukataza kabisa. Usibomoe ukuta wa mtu kwa nyundo yako mwenyewe, hata tuzo ikiwa mfukoni. Tuzo haikukufanya wewe dalali. Ukibomoa, kesho utakuwa mshitakiwa katika shauri la jinai, na yule aliyekudhulumu atakaa kitako kama mlalamikaji.

Mzee mmoja wa darasa aweza kuuliza: je, nikiwa sina fedha ya wakili? Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewatambua watoaji wa msaada huo na wasaidizi wa kisheria wilayani, nao humsaidia asiye na uwezo bila malipo. Mkaombe orodha yao katika ofisi ya halmashauri.

Sasa zoezi. Fungueni daftari, andikeni kwa mkono wenu wenyewe. Fikirini kwamba ninyi ni Bibi Fulani, na mnaandika ile sehemu ya "mdai anaomba". Andikeni sentensi tatu tu. Sentensi ya kwanza ionyeshe kiwanja kwa namba, kitalu na ukubwa. Ya pili imtaje anayepaswa kuondoka na siku alizopewa. Ya tatu iwataje wanaopaswa kutia saini, na iseme itakuwaje wasipotia. Ukimaliza, badilishana daftari na jirani yako. Jirani ajifanye dalali wa mahakama asiyekijua kiwanja hicho wala hajapata kufika katika mtaa huo, aulize maswali, na kila swali asiloweza kulijibu kwa kusoma sentensi zako, atie alama ya msalaba pembeni.

Mwalimu, wape dakika ishirini. Tutaonana juma lijalo, saa ileile, kwa somo la kusoma stakabadhi na daftari la wanachama. Kila mmoja aje na stakabadhi moja kutoka nyumbani. Kwaherini.